Nani Aliyempa Ofisa Mkasi?

Katika ofisi nyingi za serikali duniani upo msemo mmoja uliokwisha kuzoeleka mno hata hakuna tena anayeuliza maana yake. Msemo wenyewe ni huu: "Wananchi hawajawa tayari." Hawajawa tayari kuonyeshwa jambo hili, hawajawa tayari kusikia lile. Tena la ajabu ni kwamba anayeutamka si mwananchi mwenyewe. Ni ofisa ambaye amekwisha kuliona jambo hilo, akalisikia, akabaki na akili zake timamu, akaenda zake kula chakula cha mchana. Kisha akakata shauri kwamba kitu ambacho hakikumdhuru yeye hakina budi kuwadhuru mkulima, mfanyakazi na mwalimu.

Leo nataka tuupime msemo huo kwa mizani ya kazi ya mtu mmoja. Mtu huyo ni Anand Patwardhan wa India, mtengenezaji wa filamu za hali halisi, aliyeanza kazi hiyo katika miaka ya mwanzo ya 1970 na ambaye mwaka 2023 alikuwa bado akitoa filamu mpya. Kwa muda wote huo hakuajiriwa na serikali wala hakuwa mtumwa wa matajiri wa biashara ya sinema. Na kwa sehemu kubwa ya muda huo, maofisa wa nchi yake walikuwa wakimwambia kwamba wananchi hawajawa tayari.

Filamu za hali halisi si hadithi za kubuni. Ndani yake hamna mwigizaji aliyelipwa ili alie, wala nyumba ya mbao iliyojengwa asubuhi ili ichomwe moto jioni. Anayelia analia kwa msiba wake, na nyumba inayobomolewa ni nyumba ya mtu. Serikali ya India ilitambua mapema nguvu ya filamu za namna hiyo. Mwaka 1948 iliunda idara yake, Films Division, na kwa miaka mingi wenye majumba ya sinema walilazimishwa kisheria kuonyesha filamu fupi za idara hiyo kabla ya kuonyesha filamu kubwa, tena wailipe. Watazamaji wakakaa gizani wakitazama viwanda vikizinduliwa, mabwawa yakifunguliwa na viongozi wakivishwa mashada ya maua.

Simkejeli anayejenga bwawa. Taifa changa linahitaji umeme na maji. Lakini nauliza: nani alimwonyesha mwanakijiji aliyeondolewa shambani ili bwawa lipate nafasi? Katika bonde la mto Narmada, ambako maelfu ya watu walikabiliwa na kuhamishwa kwa ajili ya bwawa la Sardar Sarovar, aliyekwenda na kamera yake kukaa na wanakijiji ni Patwardhan pamoja na Simantini Dhuru, na filamu yao ikatoka mwaka 1995. Hilo ndilo pengo ambalo filamu huru huja kuliziba. Idara humwonyesha mwananchi serikali yake. Mtengenezaji huru huionyesha serikali wananchi wake.

Patwardhan alizaliwa Bombay, mji ambao tangu mwaka 1995 unaitwa Mumbai, mwaka 1950, katika ukoo uliotoa wapigania uhuru. Alisoma fasihi ya Kiingereza Bombay, akasoma sosholojia Marekani, na huko akajitolea kufanya kazi na chama cha wafanyakazi wa mashambani kilichoongozwa na Cesar Chavez. Msomi wa namna hiyo angeweza kurudi kwao akatafuta kiti cha kuzunguka na kengele ya kumwitia tarishi. Yeye alikwenda vijijini. Mwaka 1974, wakati Jayaprakash Narayan alipoongoza vuguvugu la wananchi katika jimbo la Bihar kupinga rushwa na utawala mbaya, kijana huyu alichukua kamera za kuazima akaingia katikati ya umati. Matokeo yake yalikuwa filamu yake ya kwanza inayojulikana, ambayo jina lake lina maana ya mawimbi ya mapinduzi.

Mwezi Juni 1975 Waziri Mkuu Indira Gandhi alitangaza Hali ya Hatari. Magazeti yakakaguliwa kabla ya kuchapwa na wapinzani wakajazwa magerezani. Filamu ya Patwardhan ikawa kitu cha kufichwa. Ilikatwa vipande vipande na kutoroshwa nje ya nchi, ikaunganishwa upya huko. Hali ya Hatari ilipokwisha mwaka 1977 alirudia kazi, na mwaka 1978 akatoa filamu juu ya wafungwa wa kisiasa. Wasomaji na wazingatie jambo moja hapa. Filamu hiyo haikuwazungumzia wale tu waliofungwa na Indira Gandhi. Iliwahesabu pia waliofungwa kabla yake na waliobaki ndani baada yake. Huo ndio uhuru wa kweli wa mtu wa kalamu au wa kamera: hautoki katika kumchukia mtawala mmoja ili kumpigia makofi atakayemfuata.

Mwaka 1985 ilitoka filamu yake juu ya wakazi wa vibanda na wa kandokando ya barabara za Bombay. Watu hao ndio waliojenga maghorofa ya mji, ndio waliofagia njia zake na kupika katika majiko ya mabwana wake. Kisha halmashauri ya mji ikapeleka vijana na askari kubomoa vibanda vyao, kwa hoja kwamba wanauchafua mji. Mwaka huohuo Mahakama ya Juu ya India, katika kesi iliyofunguliwa na mwandishi wa habari Olga Tellis pamoja na wakazi wenyewe, ilikubali kwamba haki ya kuishi inabeba ndani yake haki ya kujipatia riziki. Hata hivyo iliiruhusu halmashauri kuwaondoa watu hao kwa kufuata utaratibu. Sheria ilikiri kwamba maskini ana tumbo, kisha ikamwonyesha njia ya kuondokea.

Katika filamu hiyo kuna mwanamke mmoja anayemgeukia Patwardhan mwenyewe kwa hasira na kumwuliza picha hizo zitamfaa nini yeye asiye na paa, na kama mwenye kamera hatafuti sifa kwa kupiga picha shida za maskini. Mtengenezaji angeweza kulikata tukio hilo. Mkasi ulikuwa mkononi mwake, na hakuna ambaye angejua. Aliliacha. Nawaambia ndugu zangu waandishi wa habari, nikijihesabu na mimi, kwamba tumejaza kurasa zetu picha za wanyonge kwa miaka mingi, na ni wachache kati yetu waliothubutu kuchapa swali ambalo wanyonge hao walituuliza sisi. Yeye alilichapa. Tena hakuishia hapo, kwani mwaka 1986 aliungana na mwigizaji Shabana Azmi na wengine katika kususia chakula kwa ajili ya watu waliobomolewa makazi.

Sasa tumfikie ofisa. Filamu hiyo ilipewa tuzo ya taifa. Serikali ya India yenyewe, kwa mkono wa kulia, ilisema: kazi hii ni bora. Lakini Doordarshan, shirika la televisheni la serikali hiyohiyo, kwa mkono wa kushoto lilikataa kuionyesha. Patwardhan akaenda mahakamani, na baada ya miaka minne ya kesi filamu ikaonyeshwa. Mtu angetegemea kwamba maofisa wangekuwa wamepata funzo. La hasha! Mchezo huohuo ulirudiwa filamu baada ya filamu: tuzo, kukataliwa, kesi, amri ya mahakama.

Kati ya filamu hizo ipo moja inayodai tuisimamie kwa makini, kwa sababu ndani yake msemo wa "wananchi hawajawa tayari" ulipimwa kwa kipimo cha damu. Filamu hiyo ni Ram ke Naam, yaani Kwa Jina la Ram. Mwezi Septemba 1990, L. K. Advani, kiongozi wa chama cha BJP, alifunga safari ndefu kutoka hekalu la Somnath kuelekea Ayodhya, akiwa katika gari la kisasa lililopambwa lifanane na gari la vita la enzi za kale. Shabaha ya vuguvugu hilo ilikuwa kujenga hekalu la Ram mahali uliposimama Msikiti wa Babri, uliojengwa katika karne ya 16. Kila walikopita wafuasi wa safari hiyo, nyuma yao chuki ilibaki ikifuka moshi.

Patwardhan alikwenda huko akauliza maswali mepesi. Aliwauliza vijana waliokuwa tayari kufa kwa ajili ya mahali alipozaliwa Ram: Ram alizaliwa mwaka gani? Hawakujua. Aliwauliza wakulima wa tabaka la chini kama hekalu ndilo hitaji lao, wakazungumza juu ya maisha yao magumu. Akamtafuta Pujari Laldas, kasisi wa Kihindu aliyewekwa na mahakama kuongoza ibada mahali penyewe palipogombaniwa, na mzee huyo akasema wazi mbele ya kamera kwamba wanaoongoza vuguvugu hilo wanatafuta kura na fedha, wala si Mungu. Haya hayakusemwa na adui wa dini. Yalisemwa na mtu aliyeitumikia madhabahu ile.

Filamu ilikuwa tayari kabla msikiti haujabomolewa. Ilipata tuzo ya taifa ya filamu bora ya uchunguzi. Doordarshan ikakataa kuionyesha. Tarehe 6 Desemba 1992 umati uliupanda Msikiti wa Babri ukauvunja mchana kweupe, na ghasia zilizofuata zikaua watu wapatao 2,000 katika India. Katika Bombay peke yake, mwezi huo wa Desemba na Januari 1993, tume ya Jaji Srikrishna ilihesabu watu 900 waliopoteza maisha. Mwaka 1993 Laldas naye aliuawa. Filamu iliwafikia watazamaji wa televisheni ya taifa baadaye sana, kwa amri ya mahakama.

Je, kama ingeonyeshwa mapema msikiti usingevunjwa? Hakuna awezaye kuapa. Filamu moja haizuii gharika. Lakini swali la haki ni jingine. Waliokataa kuionyesha walidai kulinda amani. Amani gani waliyoilinda? Sauti ya kasisi aliyewataka watu wasichinjane ilifungiwa kabatini kwa kisingizio kwamba itachochea, na wachochezi wenyewe wakapita barabarani na vipaza sauti. Ofisa aliyetia sahihi barua ya kukataa hakuwa mtu asiye na upande. Alichagua upande, ila alichagua akiwa ameketi.

Filamu iliyofuata, ya mwaka 1995, ilichunguza jinsi chuki ya kidini na majivuno ya kiume yanavyolishana, na jinsi mwanamke anavyolipa gharama ya vyote viwili. Nayo ilipata tuzo za taifa. Nayo ilikataliwa na Doordarshan. Safari hii shirika halikukubali kushindwa, likaikimbiza kesi hadi Mahakama ya Juu. Hukumu ilitoka tarehe 25 Agosti 2006. Majaji walisema kwamba filamu ipimwe kwa ukamilifu wake, kwa macho ya mtu wa kawaida mwenye akili, wala isihukumiwe kwa kipande kilichochomolewa. Kwamba kuonyesha uovu ili kuulaani si sawa na kuueneza. Na kwamba chombo cha umma hakiwezi kumnyima raia haki yake ya kusema kwa kufuata matakwa yake chenyewe. Wakaamuru filamu ionyeshwe katika muda wa wiki nane. Hesabu ndugu msomaji: kutoka mwaka 1995 hadi 2006 ni miaka kumi na mmoja. Mtoto aliyezaliwa filamu ilipotoka alikuwa anakaribia kumaliza shule ya msingi.

Na fedha zilizolipia mawakili wa shirika katika miaka hiyo zilikuwa za nani? Za umma. Umma ulilipa ili uzuiwe usione.

Kabla ya hukumu hiyo palikuwa pamepita kisa kingine. Baada ya India na Pakistan kulipua mabomu ya nyuklia ya majaribio mwezi Mei 1998, Patwardhan alikwenda kwa watu wa nchi zote mbili, akafika pia Japan, nchi iliyoonja moto huo, na mwaka 2002 akatoa filamu juu ya vita na amani. Wakaguzi wa filamu walimtaka akate sehemu 21, miongoni mwazo hotuba za viongozi wa siasa. Hapa ofisa alijivua nguo mwenyewe. Hotuba hizo zilitolewa hadharani, mbele ya maelfu, na waliozitoa hawakuzionea haya. Vipi neno la kiongozi liwe halali siku ya mkutano, kisha liwe haramu siku ya kukumbushwa? Mwaka 2003 Mahakama Kuu ya Bombay iliamuru filamu iruhusiwe bila kukatwa hata kipande kimoja.

Wapo watakaonijibu, na hoja zao zinastahili kujibiwa moja baada ya moja.

Kwanza, watasema mtu huyu ana upande, na filamu ya hali halisi yapasa iwe ya haki kwa wote. Ni kweli ana upande, wala hajapata kuficha. Lakini kuwa na upande si kusema uongo. Katika filamu zake wapinzani wake huzungumza kwa vinywa vyao wenyewe, mara nyingi kwa urefu, na ndiyo maana maneno yao huwafunga. Filamu ya idara inayoonyesha waziri akitabasamu nayo ina upande. Tofauti ni kwamba haikiri.

Pili, watasema nchi yenye dini, lugha na matabaka mengi inahitaji umoja kuliko maneno. Nakubali kwamba umoja ni tunu. Lakini umoja unaosimama juu ya kidonda kisichooshwa ni bendeji tu. Tarehe 11 Julai 1997, katika mtaa wa Ramabai mjini Mumbai, polisi waliwapiga risasi Wadalit, watu wa tabaka lililodharauliwa kuliko yote, waliokuwa wakilalamika baada ya sanamu ya Dakta Ambedkar, shujaa wao na mwandishi mkuu wa katiba ya India, kuvishwa koja la viatu. Watu kumi waliuawa. Siku chache baadaye mshairi na mwimbaji Vilas Ghogre alijinyonga kwa uchungu. Patwardhan alikuwa amempiga picha Ghogre akiimba katika ile filamu ya vibanda. Aliifuatilia habari hiyo kwa miaka 14, na filamu ikatoka mwaka 2011. Mwambieni mama wa mmoja wa wale kumi kwamba anyamaze kwa ajili ya umoja.

Tatu, watasema mambo hayo yamepita. Hayajapita. Mwaka 2018 alitoa filamu ya karibu saa nne juu ya kuuawa kwa wanafikra kama Narendra Dabholkar, Govind Pansare, M. M. Kalburgi na mwandishi wa habari Gauri Lankesh, na ikapata tuzo kuu katika tamasha la Amsterdam. Mwaka 2019 wizara ya habari ilikataa kutoa kibali cha kuionyesha katika tamasha la filamu la Kerala; Mahakama Kuu ya jimbo hilo ikaamuru ionyeshwe. Na mwezi Januari 2024, siku chache kabla ya kuzinduliwa hekalu jipya la Ayodhya, polisi wa Hyderabad waliingia kusimamisha onyesho la Ram ke Naam na kuwakamata waandaaji. Filamu ile, yenye cheti cha serikali na tuzo ya serikali, baada ya zaidi ya miaka 30, bado inaambiwa kwamba wananchi hawajawa tayari. Watakuwa tayari lini?

Ndugu watumishi wa umma, sikuyaandika haya ili mkae mkiwacheka maofisa wa India. Nimeyaandika kwa sababu mkasi huo ninaouzungumzia hautengenezwi India tu. Haukai hata katika bodi za filamu peke yake. Upo katika faili linalolaliwa mezani kwa sababu lina habari mbaya, katika taarifa inayopakwa rangi kabla ya kupelekwa kwa mkubwa, na katika barua ya mwananchi inayojibiwa kwa mstari mmoja. Kila anayeukata ukweli kipande kidogo hujiambia kwamba anailinda serikali. Kumbe anaipofusha. Serikali isiyoonyeshwa kibanda kinachobomolewa haitajua kwa nini mwenye kibanda ameichukia. Mficha maradhi, kifo humuumbua. Na maofisa waliomficha mgonjwa asijue ugonjwa wake hawawezi kuitwa waganga.

Na ninyi walimu, kazi yenu ni kubwa zaidi. Patwardhan hakungoja televisheni. Kwa miaka mingi alibeba mashine yake ya kuonyeshea filamu akaenda nayo katika vyuo, vyama vya wafanyakazi na mitaa ya vibanda, akatundika shuka ukutani, akaonyesha, kisha akakaa na watu kujadiliana. Hilo ni darasa. Mwanafunzi aliyezoezwa kutazama jambo zima, akauliza nani anasema, kwa faida ya nani, na nani hakupewa nafasi ya kusema, huyo hatahitaji ofisa wa kumwamulia lini yuko tayari. Mwalimu anayemzoeza hivyo anaunyang'anya mkasi makali yake.

Mahakama zilimrudishia Patwardhan haki yake mara nyingi, na majaji wale wanastahili heshima. Lakini taifa linalongoja jaji kwa kila filamu, kila taarifa na kila faili limekwisha kuchelewa miaka kumi na mmoja. Haki hiyo ilipaswa kutolewa siku ya kwanza, pale mezani, na ofisa wa kawaida mwenye kalamu ya kawaida. Ofisa huyo hakupewa mkasi na wananchi. Alipewa funguo, na alipewa ili afungue.